Mtu Huyu Ameshaingia

"Mtu huyu ameshaingia," mlango ukasema tena.

Naam, Msanii bado amesimama palepale mlipomwacha wiki iliyopita: gauni refu, viatu mkononi, pua karibu iguse chuma. Na mlango wenyewe ni wake. Yeye aliubuni, yeye aliufundisha maneno ya kusema. Leo mlango huohuo unamwambia kwamba hayuko nje, yuko ndani.

Kwa aliyelikosa gazeti lililopita, mambo yako hivi.

Ndani ya ukumbi kuna mwanamke wa mwanga, mrefu kama ukuta, anatembea ukutani kutwa kucha na hafiki popote. Watu wanamwita Pacha. Uso wake ni wa Msanii, hata kovu la tetekuwanga kwenye nyusi halikusahauliwa. Msanii alimtengeneza kwa kompyuta, na kwa ajili yake akapewa tuzo na kupigwa picha mpaka mashavu yakachoka kutabasamu.

Leo Pacha anauzwa. Mnunuzi ni mkuu wa kampuni ya viatu, mtu ambaye wote wanamwita Mwenye Viatu. Anataka Pacha awe anatembea kwenye vioo vya maduka yake yote. Lakini ni mtu mwangalifu. Alitaka kwanza kuhakikishiwa kwamba mwili anaouziwa ni wa huyo anayemuuzia.

Ndipo ukawekwa mlango. Juu yake kuna kamera, na kamera haina habari na uso. Inatazama mwendo. Unapita kwenye ujia wa nyuma wenye zulia la mpira, inakupima unavyokanyaga, na ukikanyaga kama Pacha mlango unafunguka. Mara moja tu, kwa mtu mmoja tu.

Na siri mnaijua. Mwendo wa Pacha si wa Msanii. Ni wa mdogo wake, yule aliyepewa jina la Mwepesi tangu alipoanza kusimama dede. Msanii ilimbidi ajifungie chumbani na kioo, ajifunze kutembea kama mdogo wake, ili mlango wake mwenyewe umkubali.

Mwepesi hajui. Na Mwepesi hajasimama tangu siku alipodondoka kutoka juu ya ngazi akitundika mapazia ya watu. Miguu yake imelala, haisikii baridi wala joto.

Sasa ikiwa mwendo ule ulikuwa wa mtu mmoja tu duniani, na mtu huyo yuko kitandani, aliyeingia ni nani?

"Dada," alisema mlinzi nyuma yake, "usinielewe vibaya, lakini umeshaingia."

"Nimeingiaje na niko hapa?"

"Ndilo ninalojiuliza. Na nikipata jibu naacha kazi leo leo."

"Nani amepita hapa, kaka?"

"Mimi niliondoka kidogo tu. Wageni wamezidi, nikaitwa kubeba viti. Narudi, naona taa ya kijani inazimika na mlango unajifunga. Nikasema moyoni, ah, Dada kawahi."

Juu ya kiti cha mlinzi kulikuwa na kikombe cha chai. Msanii alikichukua, akapiga funda kubwa, akameza.

"Dada! Hiyo imetoka kwenye birika sasa hivi!"

"Sukari imezidi," alisema Msanii.

"Haina sukari kabisa," alisema mlinzi, akimtazama mdomo.

Hivyo ndivyo alivyokuwa tangu siku ile ya ngazi. Hospitali hakulia, nyumbani hakulia. Watu wakasema ana moyo mgumu. Wapi! Alikuwa kama mkono uliolaliwa: unauona upo, ni wako, lakini ukiugusa unadhani ni wa mtu mwingine.

Redio ya mlinzi ikakoroma. Ilikuwa sauti ya Fundi, kijana wa mitambo, aliyekaa ndani na kompyuta zake.

"Bosi! Bosi yuko huko?"

"Niko hapa."

"Basi huyu aliyetoka mlangoni ni nani?"

"Niambie wewe."

"Katoto ka shule! Mlango umefunguka, taa zote zimekamulika, watu wamepiga makofi mpaka vumbi limedondoka darini. Kamesimama na mkoba mgongoni, kanatazama ukuta. Hakasemi kitu. Lakini Bosi, nimekaona kakitembea. Kanatembea kama Pacha. Kama Pacha mwenyewe!"

Msanii hakuuliza zaidi. Alivaa viatu, akazunguka jengo, akaenda kuingilia mlango wa mbele kama watu wengine.

*

Makofi yakaanza upya alipotokea. Alijiandaa kuzomewa, akapata makofi.

Mwenye Viatu alimfuata mikono imetanuka. Alikuwa mtu mfupi, na viatu vyake vilikuwa vizuri kuliko uso wake.

"Umeniweza!" alisema. "Nimekaa pale nangoja utoke wewe, anatoka mtoto! Ni nani yule?"

"Mwanangu," alijibu Msanii. Hakusema uongo. Mtoto wa mdogo wako ni mwanao.

"Basi mashine imetambua damu! Unaona? Mimi nilidhani nanunua mwendo wa mtu mmoja. Kumbe Pacha ni mama na mwana! Ni kila mguu! Hii nitaiandika kwenye maboksi."

Akawageukia wageni, akarudia mwenyewe maneno yake kwa sauti: ni kila mguu. Wakacheka, wakapiga makofi tena.

Angekuwa mtu wa kufurahi, hapo Msanii angefurahi. Aibu aliyoiogopa ilimpita pembeni kama gari la mtu mwingine. Aliitikia kwa kichwa.

"Nipe nafasi kidogo nizungumze na mtoto."

"Kidogo sana. Nina safari."

Akamshika msichana mkono, akamwingiza kwenye chumba cha nyaya nyuma ya ukuta.

Huyu ndiye Chiriku, binti pekee wa Mwepesi. Jina hilo hakupewa bure. Huongea akipiga mswaki, huongea akiota. Lakini leo alikaa juu ya boksi la nyaya, mkoba bado mgongoni, akawa kimya. Msanii akaona bora angepiga kelele.

"Umefikaje kwenye ule ujia?"

"Nilikuwa natafuta njia isiyo na ngazi."

Msanii hakulishika neno hilo. Angelishika, hadithi ingekwenda kwingine.

"Mama Mkubwa," alisema Chiriku, "yule kwenye ukuta ana uso wako."

"Ndiyo."

"Na miguu ya mama."

Mashine ya kupozea hewa ilinguruma, ikanyamaza, ikanguruma.

"Nani kakwambia?"

"Niambiwe na nani? Nimekua nyuma ya ile miguu. Tukienda sokoni nilikuwa nashika gauni lake, naona visigino tu. Wa kushoto unatoka nje kidogo, halafu anajirusha kama anavuka maji. Mimi mwenyewe natembea hivyohivyo. Shuleni wananiita Bata."

"Mwendo wangu ulikuwa mbaya, mwanangu. Kila nikijirekodi naonekana kama kabati linalohamishwa. Mama yako akaja siku moja kupima madirisha. Nikamvisha ile nguo nyeusi ya kubana yenye vitone vinavyong'aa ambavyo kompyuta huvifuata, nikamwambia atembee kwa mchezo tu. Akatembea anacheka. Ikawa nzuri. Nikabandika uso wangu."

"Hakuuliza umeifanyia nini?"

"Nilimwambia ilifutika."

Chiriku aliangalia viatu vyake. Vilikuwa vikubwa kidogo, vya mtu mzima.

"Ndiyo maana simu zinawekwa kwenye kapu mlangoni," alisema. "Ndiyo maana magazetini wanatoa picha ya uso tu. Mama anakata zote, anabandika ukutani. Anasema dada yake hapendi mambo ya kujionyesha."

Msanii alisikia kila neno. Aliyasikia kama mtu anayesikia jirani wakigombana.

"Na leo ukimaliza, anapelekwa wapi?"

"Kwenye maduka ya viatu."

"Mama amenipa mimi viatu vyake vyote," alisema Chiriku. "Alisema vitapata ukungu bure. Hivi hapa. Na yeye sasa atawauzia watu viatu."

"Chiriku. Usimwambie."

"Simwambii."

"Niahidi."

"Nimekuahidi, simwambii. Ataona mwenyewe. Yuko nje kwenye gari."

*

Gari la kukodi lilikuwa limeegeshwa kivulini, milango wazi. Mwepesi alikaa kiti cha nyuma, amevaa gauni la maua, utepe wa kupimia umening'inia shingoni kama kawaida yake. Kiti chake cha magurudumu kilikuwa kimekunjwa pembeni, dereva amekiegemea anachokonoa meno.

"Ehe! Bwana harusi yuko wapi?" alisema Mwepesi alipomwona dada yake na lile gauni.

"Umefikaje huku?"

"Nimetembea."

Akacheka peke yake.

"Usikunje uso, Dada. Mzaha ni wangu, nina haki nao. Nimekupigia simu hupokei."

"Iko kwenye kapu."

"Nikajua. Nikamtuma Chiriku aangalie pa kupitisha kiti, naye kapotea. Kakuta mtu wa kuongea naye huyo. Haya, nipelekeni. Nataka kuona mapazia yangu."

Maana mapazia yote meusi ya ukumbi ule aliyashona yeye. Cherehani ya kukanyaga alishaiuza, akanunua ya mkono, akashona amekaa kitandani, kitambaa kikimiminika mpaka mlangoni na kurudi. Hakuwahi kuona hata dirisha moja la kule kinakokwenda.

"Kumejaa," alisema Msanii.

"Nitakaa pembeni."

"Hata pembeni. Na kuna ngazi. Kiti hakipandi."

Mlinzi, aliyekuwa amesimama karibu, alikohoa. Msanii hakumgeukia.

Mwepesi alivua utepe shingoni, akaanza kuuviringisha kidoleni, taratibu, kama hana haraka nao.

"Sawa," alisema. "Basi niambie wewe. Upindo umegusa sakafu au uko juu?"

"Umegusa."

"Umegusa au umelala?"

"Umegusa."

"Hukuangalia."

"Sikuangalia," alikiri Msanii.

"Dada, siku hizi ukoje? Juzi ulipokuja ulinikalia mguu. Ulikaa ukingoni mwa kitanda, ukanikalia, ukaongea habari zako mpaka ukaondoka. Mimi sihisi, wewe huoni. Tumekuwa jozi."

Akacheka tena, na safari hii dereva naye akacheka, kisha akaona haya.

Msanii alifungua mdomo. Kuna kitu kilikuwa kinakuja, kinapanda polepole kutoka mbali sana. Kingefika, angesema yote palepale na mlango wa gari wazi.

"Bosi!" Fundi alitokea anakimbia, amesahau hata kuvua vile vidude vya masikioni. "Mwenye Viatu anasema ni sasa au basi!"

Kitu kile kikarudi kilikotoka.

"Mrudishe nyumbani," Msanii alimwambia dereva, kisha akamwambia mdogo wake, "Nitakuja jioni, nitakusimulia."

"Utanisimulia nini na huangalii?" alisema Mwepesi. Lakini alisema kwa upole, na dada yake alikuwa ameshageuka.

*

Ukumbini taa zilipunguzwa. Pacha alitembea ukutani, mwanga wake ukipita juu ya nyuso za watu.

Masharti ya Mwenye Viatu yalikuwa mepesi kueleza. Msanii asimame mbele ya Pacha, aseme mbele ya wote kwamba ni yeye. Kisha Pacha atumwe kwenye mitambo ya kampuni, na hapa afutwe asibaki. Hakutaka nakala. Mtu hauziwi kiatu, alisema, halafu muuzaji akabaki anakivaa.

Fundi aliweka kidole juu ya kitufe.

"Kwa sauti, tafadhali," alisema Mwenye Viatu.

Msanii alitazama mwanamke yule wa mwanga. Uso wake mwenyewe ulimtazama, ukampita.

"Huyu ni mimi," alisema. "Mwili huu ni wangu. Ninautoa."

Hakutetemeka hata kidogo. Waliokuwa karibu walisema baadaye kwamba alisema kama mtu anayesoma namba ya nyumba.

"Tuma," alisema Mwenye Viatu.

Fundi akabonyeza. Kwenye pembe ya ukuta ukatokea mstari mweupe, mwembamba, ukaanza kujaa kutoka kushoto kwenda kulia. Ukifika mwisho, Pacha ameondoka.

Watu walianza kupiga makofi. Yakakatika katikati.

"Pisheni, jamani! Pisheni kiti!"

Alikuwa mlinzi. Jasho linamtiririka, kofia imekaa upande, na uso wake uking'aa kwa fahari. Mbele yake, juu ya magurudumu, alikaa Mwepesi. Nyuma yao dereva alibeba mto.

"Dada, tumeshinda!" mlinzi alimwita Msanii kutoka mlangoni. "Nimesikia ukisema shida ni ngazi. Nikasema, aah, na zile mbao za jukwaa zimelala nyuma bure? Tumezipanga. Amepanda kama maji! Ndugu wa Dada akose shughuli ya Dada kwa ajili ya ngazi? Na mimi niko kazini?"

Msanii aliutazama ule mstari mweupe. Ulikuwa unajaa.

Mwepesi hakutazama ukuta kwanza. Mshonaji ni mshonaji. Aliinama pembeni ya kiti, akashika pindo la pazia la kwanza, akalivuta, akaliachia.

"Umelala," alisema. "Nilijua. Nani kayatundika haya? Aje nimwone."

Watu wakacheka. Hapo Pacha akageuka.

Ndivyo alivyotengenezwa. Mgeni mpya akiingia, Pacha huacha alichokuwa anafanya, akamfuata. Akaja kutoka mwisho wa ukuta, mguu wa kushoto ukitoka nje kidogo, akijirusha kama anavuka maji. Watu wakapisha, wakasahau kwamba ni mwanga.

Mwepesi aliinua kichwa. Akauona uso, akatabasamu.

"Tazama Dada alivyo mk..."

Macho yake yakashuka.

Neno halikumalizika. Aliitazama ile miguu inakuja, hatua, hatua, na mikono yake ikaacha pazia. Chiriku alikuwa ameshafika, amesimama nyuma ya kiti cha mama yake, ameng'ang'ania vishikio.

Msanii alingoja kilio. Alingoja tusi.

"Kumbe nilikuwa natembea hivyo," alisema Mwepesi. "Na hakuna aliyeniambia."

"Nani huyu mama?" Mwenye Viatu aliuliza.

"Mwenye miguu," alijibu Chiriku.

Mstari kwenye pembe ulikuwa umevuka nusu.

Pacha alifika mbele ya kiti, akasimama. Na hapo akafanya lile ambalo watu walikuja kulitazama kutoka mbali. Aliinua mguu wa kulia, akaupitisha nyuma ya wa kushoto, akajikuna kigimbi. Waandishi wa magazeti waliandika mengi juu ya kule kujikuna, kwamba ni upweke, kwamba ni dunia ya leo. Haikuwa dunia ya leo. Nguo ile nyeusi ilikuwa inawasha, na Mwepesi siku ile alijikuna, basi.

Mkono wa Mwepesi ulishuka. Ulikwenda wenyewe, kama mkono unavyokwenda kufukuza mbu. Ukafika kwenye kigimbi cha kushoto, ukakuna.

Ukasimama.

Mwepesi aliutazama mkono wake kama ameukuta mahali asipouweka.

"Dada," alisema.

"Naam."

"Mguu unaniwasha."

Chiriku aliachia vishikio. Maana madaktari walishauchoma mguu ule kwa sindano mpaka wakachoka. Mwepesi alishawahi kumwagikiwa na uji mguuni na akaujua kwa harufu tu.

"Upi, mama? Upi?"

"Huu. Huuhuu anaoukuna yule." Sauti ya Mwepesi ilikuwa ndogo, kama ya mtu anayeogopa kumwamsha mtoto. "Ajikune tena. Dada, mwambie ajikune tena. Akijikuna nasikia."

Pacha akajikuna tena. Mwepesi akafumba macho, akavuta pumzi kwa meno.

"Simamisha!" Msanii alisema.

"Nini?" aliuliza Fundi.

"Simamisha! Usimtume! Zima kila kitu!"

"Nabonyeza, Bosi! Nabonyeza! Imeshashikwa na upande wao, haisikii!"

Mstari ukafika mwisho.

Ukuta ukawa ukuta.

Giza lilikuwa zito, mapazia yalishonwa vizuri. Katikati ya giza hilo ikasikika sauti ya Mwepesi ikisema kitu kimoja tu, taratibu.

"Umelala tena."

Kisha mwanga mdogo ukawaka kiganjani mwa mtu. Ilikuwa simu ya Mwenye Viatu. Yeye hakuiweka kwenye kapu, watu wa namna yake hawaweki. Na ndani ya simu ile, mdogo kama kidole, Pacha alikuwa anatembea. Wa kushoto nje kidogo. Anavuka maji.

"Kafika salama," alisema Mwenye Viatu. "Poleni na mgonjwa."

Akaitia simu mfukoni, giza likarudi, viatu vyake vizuri vikaanza kulia sakafuni kuelekea mlangoni.

"Dada!" Mwepesi aliita. "Anaondoka na mguu wangu!"

Msanii alikimbia. Hakujua amevua viatu saa ngapi. Aliwapita watu kwa mabega, akafika mlangoni kabla yake, akautandaza mgongo kwenye mbao. Mlinzi alipapasa ukutani mpaka akapata swichi. Taa zikawaka, watu wote wakawageukia.

Mwenye Viatu hakukasirika. Alimtazama kama anayepima saizi.

"Tuelewane," alisema. "Sasa hivi, mbele ya watu wote hawa, umesema mwili huu ni wako. Kama ni wako, umeniuzia, nipishe nipite. Kama si wako, umeniuzia cha mtu, na hapo sitaita wanasheria peke yao, nitaita na polisi. Tuzo zako, jina lako, yote yataulizwa yalikotoka. Mimi nitakubaliana na lolote utakalosema. Ila useme moja."

Nyuma yake, mbali, Mwepesi alikuwa ameinamia mguu wake, anaukuna, anaukuna, na Chiriku amepiga magoti anamshika mkono asije akajichubua.

"Haya," alisema Mwenye Viatu. "Ni wako au si wako?"

Msanii alifungua mdomo. Na ulimi, ule uliounguzwa na chai ya mlinzi, ukaanza kumuuma.